Riwaya Kizimbani na Ibada ya Taifa

Kila sifa njema anastahiki Allah (S.W.), Mola wa viumbe vyote. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), aali zake, masahaba wake na kila anayefuata uongofu wao mpaka Siku ya Malipo. Amma baad.

Tarehe 21 Septemba 2006, katika mahakama moja ya Beyoğlu, mjini Istanbul, ilisikilizwa kesi ambayo mshitakiwa wake hakuhudhuria. Alikuwa mwanamke aliyejifungua siku chache tu kabla ya hapo. Jina lake ni Elif Shafak, na kazi yake ni kuandika riwaya. Hakushitakiwa kwa wizi, wala kwa damu ya mtu, wala kwa kuitisha fujo. Alishitakiwa kwa maneno aliyoyatia katika vinywa vya watu wasiokuwapo duniani: wahusika wa riwaya yake, Waarmenia wa kubuni, ambao katika mazungumzo yao waliyataja maafa yaliyowapata babu zao mwaka 1915 na wakawalaumu Waturuki kwa maafa hayo.

Ndugu zetu wasomaji huenda wakauliza: haya yanatuhusu nini sisi tuliokaa misikitini? Mwandishi huyo si miongoni mwa wanaolingania dini, na riwaya yake imesheheni mambo ambayo hatungependa kuyaona mikononi mwa vijana wetu. Jina lake tu kwa Kituruki, ambalo maana yake ni baba na mwanaharamu, linatosha kumfanya mzazi akunje uso. Ni swali la haki, nasi tutalijibu. Tunaitakidi kwamba kesi ile ilibeba jambo zito kuliko riwaya yenyewe, nalo ni hili: je, taifa lina utukufu usioguswa, hata anayetaja dhulma iliyotendwa kwa jina lake awe mhalifu?

SHERIA NA WALIOITUMIA

Tarehe 1 Juni 2005 Uturuki ilianza kutumia kanuni mpya ya adhabu. Ndani yake mlikuwa na kifungu cha 301, kilichomtishia kifungo cha kuanzia miezi 6 hadi miaka 3 mtu yeyote atakayeutusi hadharani utaifa wa Kituruki, Jamhuri au Bunge lake. Sheria haikueleza kwa mipaka iliyo wazi kutusi ni nini, wala utaifa huo unaotusika ni kitu gani. Ikawa kama shuka pana: kila aliyetaka kumfunika mwenziwe aliivuta upande wake.

Walioivuta kwa nguvu zaidi ni kundi la wanasheria wa siasa kali za utaifa, wakiongozwa na wakili Kemal Kerinçsiz. Orhan Pamuk alishitakiwa baada ya kuliambia jarida moja la Uswisi, mwaka 2005, kwamba Waarmenia milioni moja na Wakurdi 30,000 waliuawa katika nchi yake. Kesi ikaanguka Januari 2006, na mwaka huo huo akapewa Tuzo ya Nobel ya fasihi. Hrant Dink, mhariri wa gazeti la Agos na Muarmenia raia wa Uturuki, hakusalimika: mwaka 2005 alihukumiwa miezi 6, adhabu iliyoahirishwa, kwa makala zilizofasiriwa kinyume na alivyokusudia.

Ama Shafak, mwendesha mashitaka wa kwanza aliona hapana kesi. Wanasheria wale wakalalamika, na mahakama nyingine ikaamuru kesi isikilizwe. Siku ilipofika watu wakavutana nje ya mahakama, na ndani hakimu hakuhitaji muda mrefu: aliona hapana ushahidi wa kosa, akamwachia huru. Waziri Mkuu wa wakati huo, Recep Tayyip Erdoğan, akaipokea hukumu hiyo kwa furaha.

Lau kisa kingeishia hapo, tungesema alhamdulillahi na kufunga ukurasa. Lakini tarehe 19 Januari 2007, Hrant Dink alipigwa risasi mchana, mbele ya ofisi ya gazeti lake. Aliyemuua alikuwa kijana wa miaka 17. Mahakama ilikuwa imekwisha kumtangaza Dink kuwa mtusi wa taifa. Kijana akaitwaa hukumu hiyo akaikamilisha kwa bastola. Mwaka 2010 Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu ikaamua kwamba dola ya Uturuki ilishindwa kuyalinda maisha yake, na kwamba hukumu aliyopewa iliingilia haki yake ya kusema. Sheria inayomtia mtu alama ya adui haiulizwi tu ilimfunga nani. Huulizwa pia ilimwonyesha nani kwa wauaji.

MSIMULIZI SI MTENDAJI

Tuanze na suala lenyewe la riwaya. Je, mwandishi anabeba dhima ya maneno ya mhusika wake?

Wanafunzi wetu wa madrasa wanapoanza kusoma tafsiri, mara nyingi huuliza swali la namna hii bila ya kujua. Hukuta katika Suratun Naziat maneno ya Firauni akijitangazia uungu, na katika Suratul Maida maneno ya waliosema kuwa mkono wa Mwenyezi Mungu umefumbwa. Kijana hushituka: maneno haya mazito yamekujaje ndani ya Kitabu kitukufu? Tunamjibu kwamba Allah (S.W.) anayasimulia ili tuwajue waliosema na tuijue batili kwa sura yake. Kutoka hapo wanavyuoni walichukua kanuni mashuhuri: anayenakili ukafiri si kafiri. Ikiwa anayenakili neno la kumkana Mola hahukumiwi kwa neno hilo, vipi ahukumiwe anayenakili, tena kwa kubuni, maneno ya mjukuu anayewalilia wazee wake?

Patatokea mtu wa kusema: huo ni usimulizi wa kweli, riwaya ni uzushi. Na tuwatazame basi washairi, ambao Qur'ani yenyewe imewaeleza mwishoni mwa Suratush Shuaraa kuwa husema wasiyoyatenda. Imepokewa katika vitabu vya sira kwamba Nuuman bin Adiy, liwali wa Sayyidna Umar (R.A.) katika Maysan, alitunga beti za kujisifu kwa ulevi. Umar akamuuzulu. Nuuman alipofika Madina aliapa kwamba hakuionja pombe ile, bali ni maneno tu yaliyomzidi mshairi. Umar alimsadiki, hakumpiga hadi, ila hakumrudishia uliwali. Na katika habari za Farazdaq husimuliwa kwamba alisoma shairi mbele ya Khalifa Sulayman bin Abdul Malik, likawa kama kukiri zinaa. Khalifa akasema hadi imemwajibikia. Farazdaq akajikinga kwa aya hiyo hiyo ya Suratush Shuaraa, akaachwa.

Imam Ibn Kathir, anapoifasiri aya hiyo, anataja khitilafu ya wanavyuoni: je, mshairi aliyekiri katika shairi lake jambo lenye hadi, atapigwa hadi hiyo? Hatuvitaji visa hivi kwa kudai kwamba kila kimoja kina sanad isiyo na maneno. Tunavitaja kuonyesha kwamba wazee wetu wa elimu walikwisha kulikabili suala hili, wakatenganisha baina ya anachokisema mtunzi na anachokitenda mtu. Na tuzingatie hukumu ya Umar: hakumwambia Nuuman kwamba shairi lake ni zuri. Alimnyima cheo, kwa kuwa lilikuwa ovu, lakini hakumwadhibu kwa tendo ambalo halikuthibiti. Nasi vile vile tunaweza kuichukia riwaya, tukawakataza watoto wetu kuisoma, na tukakanusha yaliyomo kwa hoja, bila ya kumpeleka mtunzi gerezani kwa maneno ya watu wa kubuni.

MWAKA 1915

Sasa tuingie katika lile lililo gumu. Wengi wetu tunaipenda Uturuki. Ndiyo makao ya mwisho ya Ukhalifa, uliofutwa Machi 1924. Sadaka za watu wake zimejenga misikiti na kuchimba visima katika bara letu. Kwa ajili ya mapenzi hayo, wako miongoni mwetu wanaodhani kwamba kila anayetaja Waarmenia anautukana Uislamu, na kwamba wajibu wa Muislamu ni kukanusha tu.

Yaliyo wazi ni haya. Tarehe 24 Aprili 1915, katikati ya Vita Kuu ya Kwanza, serikali ya chama cha Umoja na Maendeleo iliwakamata viongozi na wasomi wa Kiarmenia mjini Istanbul. Mwezi uliofuata ikatolewa sheria ya kuwahamisha watu. Jamii nzima, wazee, wanawake na watoto, zikaswagwa kutoka Anatolia kuelekea majangwa ya Syria, hadi Deir ez-Zor. Wengi waliuawa njiani, wengine wakafa kwa njaa, kiu na maradhi. Idadi inabishaniwa: wapo wanaotaja laki sita, wapo wanaotaja milioni moja na nusu, na upande rasmi wa Uturuki hutaja idadi ndogo zaidi na hukataa jina la mauaji ya kimbari. Lakini kwamba maelfu kwa maelfu ya watu wasio na silaha waliangamia, hilo Waothmani wenyewe walilikiri. Mahakama zao za kijeshi za mwaka 1919 ziliwahukumu baadhi ya wakubwa wa serikali iliyopita, na Mehmed Kemal, aliyekuwa mkuu wa wilaya ya Boğazlıyan, akanyongwa Aprili mwaka huo.

Wapo wanaojitetea kwa kusema kwamba waliotenda ni wanasiasa wa utaifa, waliomng'oa Sultan Abdulhamid mwaka 1909, na si watu wa dini. Kuna ukweli katika neno hilo. Lakini tusijifiche nyuma yake, kwani Waarmenia waliuawa pia kwa wingi kati ya mwaka 1894 na 1896, Sultan huyo akiwa katika kiti chake. Wengine husema: mbona hawatajwi Waislamu waliouawa na kufukuzwa katika Balkani na Kaukazi? Watajwe, na waandikiwe riwaya na historia, kwani damu yao ni damu. Lakini maiti wa Balkani hawafuti maiti wa Deir ez-Zor.

Na tuwataje pia wale ambao Muislamu anaweza kujivunia mbele ya Mola wake. Mehmed Celal Bey, liwali wa Aleppo kisha wa Konya, aliipinga amri ya kuwahamisha Waarmenia, akaondolewa kazini. Faik Ali Bey, gavana wa Kütahya, alikataa kuitekeleza. Sharif Hussein wa Makka, katika barua yake ya mwaka 1336 Hijria, aliwaamrisha watu wake wawahifadhi Waarmenia waliokimbilia kwao kama wanavyozihifadhi nafsi zao, mali zao na watoto wao. Familia za Waarabu wa Syria zikawapokea mayatima majumbani mwao. Hao ndio walioifahamu dini. Ajabu ya mwenye kukanusha ni kwamba, kwa kukana kuwa palikuwa na dhulma, anawanyang'anya hata hawa sifa yao. Ikiwa hapakuwa na dhulma, Celal Bey aliacha cheo chake kwa ajili ya nini?

MTUME (S.A.W.) ALIFANYAJE?

Baada ya kufunguliwa Makka, Khalid bin Walid (R.A.) alipelekwa kwa Bani Jadhima. Walitaka kusema kwamba wamesilimu, hawakujua kulitamka vizuri, na wengine wao wakauawa. Habari zilipomfikia Mtume (S.A.W.), hakusema kwamba jeshi la Waislamu lisitiwe doa. Hakumkemea aliyeleta habari kwa kuwafurahisha maadui. Aliinua mikono yake akamwambia Mola wake kwamba yeye yu mbali na alilolitenda Khalid. Hadithi hiyo imo katika Sahihi ya Bukhari. Na wapokezi wa sira wanaeleza kwamba alimtuma Sayyidna Ali (R.A.) na mali, akalipa dia za waliouawa na fidia ya vilivyoharibika, hata chombo anachonywea mbwa, kisha akawaongeza kilichobaki kwa ajili ya lile wasilolijua.

Huu ndio mwenendo wa Uislamu mbele ya damu iliyomwagwa kimakosa na watu wake: kukiri hadharani, kujitenga nalo, na kulipa. Na Khalid hakupungukiwa kwa hilo. Umma ungali unamwita Upanga wa Allah, na kisa chenyewe ungali unakifundisha.

Tukitazama Qur'ani tunaona jambo hilo hilo. Kushindwa kwa Uhud kumeelezwa pamoja na sababu yake. Kujivuna kwa wingi siku ya Hunayn kumeandikwa. Na katika Suratun Nisaa, kuanzia aya ya 105, wafasiri wengi wamepokea kwamba mtu wa kabila moja la Madina aliiba deraa, akaitupia dhambi hiyo kwa Myahudi, na jamaa zake wakaja kumtetea mtu wao. Wahyi ukashuka kumtakasa Myahudi na kumfedhehesha mwizi, na bado tunausoma katika Sala. Umma ambao Kitabu chake kinayahifadhi makosa ya watu wake, una haja gani ya kuogopa riwaya?

Ndiyo maana Allah (S.W.) ametuamrisha katika sura hiyo hiyo, aya ya 135, tuusimamishe uadilifu na tutoe ushahidi hata kama ni juu ya nafsi zetu, wazazi wetu na jamaa zetu. Na katika Suratul Maida, aya ya 8, akatutahadharisha kwamba kuwachukia watu kusitupeleke kuacha kuwafanyia uadilifu.

UTUKUFU UNAPOHAMISHWA

Mnaweza kutuuliza: je, mnasema kila neno liachwe, hata la kumtusi Mtume (S.A.W.)? Hatusemi hivyo. Heshima ya Allah, Kitabu chake na Mtume wake ni jambo la imani, lina milango yake katika sheria, wala halikuachiwa kijana mwenye bastola barabarani. Tunachokipinga ni kuutwaa utukufu huo na kuuvisha utaifa. Waliposhikana Muhajir na Ansari, kila mmoja akawaita watu wake, Mtume (S.A.W.) aliuita mwito huo wa kijahilia na akaamrisha uachwe kwa kuwa unanuka. Kifungu kinachouweka utaifa juu ya hesabu ni mwito huo huo, ila umepigwa chapa na kutiwa muhuri.

Na wa kwanza kuumizwa na muhuri huo walikuwa Waislamu. Sheikh Atıf wa İskilip aliandika kijitabu mwaka 1924 akiwakataza Waislamu kuwaiga Wazungu katika kofia zao. Sheria ya kofia ilikuja mwishoni mwa mwaka 1925. Pamoja na hayo alihukumiwa, akanyongwa mjini Ankara Februari 1926. Said Nursi alizungushwa katika mahakama za Eskişehir, Denizli na Afyon kwa sababu ya risala zake. Erdoğan mwenyewe aliingia gerezani mwaka 1999 kwa beti alizozisoma katika mkutano wa hadhara huko Siirt. Basi Muislamu anayeshangilia fimbo hii inapompiga mwandishi asiyempenda, na ajue kwamba mgongo wake ulikwisha kuionja.

Hata huku kwetu tunaijua ladha yake. Kitabu cha Profesa Hamza Njozi kuhusu mauaji ya Mwembechai ya Februari 1998 kilipigwa marufuku nchini Tanzania. Tuliona uchungu, tukasema kwamba damu haizikwi kwa amri ya serikali. Uadilifu unatutaka tuseme neno lile lile damu inapokuwa ya Muarmenia.

Na uadilifu huo unaielekea pia Ulaya. Oktoba 2006, wiki chache baada ya Shafak kuachiwa, bunge la Ufaransa lilipitisha muswada wa kumwadhibu anayekanusha mauaji ya Waarmenia. Huku unafungwa ukisema, kule unafungwa ukikana. Hrant Dink aliupinga mswada huo, akasema yu tayari kwenda Ufaransa kuivunja sheria hiyo, ingawa wafu waliozungumzwa walikuwa wafu wake. Muswada huo haukukamilika kuwa sheria, na mwingine uliopitishwa mwaka 2012 ulibatilishwa na Baraza la Katiba la Ufaransa. Ukweli hutafutwa kwa ushahidi na kwa wasomi waaminifu, na waliodhulumiana huupokea kwa khiyari.

HITIMISHO

Aprili 2008 kifungu cha 301 kilirekebishwa: neno utaifa likageuzwa kuwa taifa, kifungo kikapunguzwa kisizidi miaka 2, na mashitaka yakahitaji idhini ya Waziri wa Sheria. Mwaka 2014 Erdoğan alitoa rambirambi kwa wajukuu wa Waarmenia waliokufa. Ni hatua, nasi tunazikiri. Lakini kifungu kingalimo katika kanuni ya adhabu, na mlango uliorudishwa bila ya kufungwa husukumwa tena.

Ndugu katika imani, tunawausia maimamu na walimu wenzetu mambo mawili. Kwanza, historia ya Umma isomeshwe kama Qur'ani ilivyotufundisha, pamoja na ushindi wake na makosa yake, ili vijana wasije kuyasikia makosa hayo kutoka kwa maadui kwanza, wakadhani kwamba tuliwadanganya. Pili, tunapofikiwa na habari ya mtu aliyeshitakiwa kwa maneno yake, tuithibitishe kabla ya kuungana na kelele, kama tulivyoamrishwa katika Suratul Hujurat, aya ya 6. Tuulize: alisema nini, kwa kinywa cha nani, na aliyekasirika amekasirika kwa ajili ya Allah au kwa ajili ya ukoo wake?

Siku ya Kiyama hatutafufuliwa chini ya bendera ya taifa. Kila mtu atakuja peke yake, na aliyedhulumiwa atadai haki yake kwa aliyemdhulumu, awe Mturuki au Muarmenia, awe wa kwetu au wa mbali.

Tunamuomba Allah (S.W.) atuonyeshe haki kuwa ni haki na aturuzuku kuifuata, na atuonyeshe batili kuwa ni batili na aturuzuku kuiepuka. Wabillahi tawfiq.